Likembe Lako Lina Ulimi Mpya

Yaya Ramazani, kaka yangu wa kikosi,

Ijumaa nilisimama mbele ya kaburi lako na sikuweza kusema kitu. Watu walikuwa wanatoka msikitini, wanapita njiani karibu nami, nikaona haya kuongea peke yangu kama mlevi, nikaondoka. Ndiyo maana naandika. Nina neno la kukuambia na si neno dogo, na nataka ulisikie kwangu mwenyewe, maana askari tunajuana. Habari haikai tumboni mwetu hata tukishakufa.

Neno lenyewe ni hili. Nilichokuapia siku ya kukuzika sikukifanya. Nafasi niliipata, tena nafasi nzuri, mtu mwenye upinde mbele ya mdomo wa bunduki yangu, na sikufyatua. Sasa ngoja nikueleze tangu mwanzo, na usinikatize, maana ulikuwa na tabia hiyo.

Kwanza habari za hapa Gisenyi. Kitanda chako kimepewa askari mgeni kutoka kwetu Kongo, mtu wa Kongolo, anakoroma kukushinda wewe, jambo ambalo sikudhani linawezekana. Mvua hainyamazi. Wavuvi wa Nyamyumba wamerudi majini, lakini soko la mjini linafunguliwa nusu tu, na watu wakikutana njiani wanatazamana mikono kwanza, uso baadaye. Huko juu Rugerero nyumba bado zinachomwa, jirani anamchomea jirani. Leo moshi kilima hiki, kesho kilima kile, na sisi tunafika sikuzote moto ukiwa umekwisha, tunakuta majivu na sufuria zilizopasuka. Wanatuuliza kwa Kinyarwanda mlikuwa wapi, nasi tunajifanya hatusikii. Mwaka huu wa hamsini na tisa unaisha vibaya, yaya.

Amri zimekuwa kali kuliko ulivyoziacha. Mikuki, mapanga na pinde vinakusanywa. Ngoma zimekatazwa, filimbi na pembe pia, kwa sababu ndivyo wanavyoitana kwenda kuchoma. Na anayeonekana na upinde mkononi haulizwi mara mbili, anapigwa risasi. Amri hii ya mwisho ilitolewa kwa ajili yako.

Sijui kama wewe mwenyewe unakumbuka. Tulikuwa tunashuka ile njia ya tope, ukageuka kunicheka kwa sababu nilikuwa nimeteleza na kukaa chini kama mtoto. Mshale ulitoka kwenye migomba. Hatukusikia chochote. Ulikaa kitako kama mtu aliyechoka, halafu ukaanguka kifudifudi, juu ya likembe lako, kile kisanduku chako cha muziki, lililokuwa ndani ya shati. Nilipokugeuza, ulimi mmoja wa chuma ulikuwa umekatika na umekuchoma kifuani, kidogo tu, na mimi mjinga nikaanza kuhangaika kukitoa kile kipande kana kwamba ndicho kilichokuwa kinakuua. Mshale niliuona baadaye. Nakuambia hili kwa sababu sijamwambia mtu.

Waislamu wa hapa mjini walikusitiri vizuri. Hawakukujua, lakini waliposikia jina lako walikuja wenyewe kambini kukuchukua. Fundi cherehani wa karibu na soko, yule uliyekuwa unamtania kwamba anashona suruali zenye mguu mmoja mrefu, ndiye aliyekata sanda yako, na safari hii alipima sawasawa. Alilia, yaya. Mimi sikulia. Nilikuwa nimejaa hasira hadi kooni, machozi hayakupata pa kupita. Nilishika udongo wa kaburi lako, nikasema mbele ya kikosi chote kwamba upinde wa kwanza nitakaouona, mwenye nao hatalala kwao. Hakuna aliyenikataza. Kaporali Mulamba alinishika bega, akasema, "Nitakupatia." Unamjua mzee yule, hasemi kitu akakisahau.

Serija, sajini wetu, alipokuja kukusanya vitu vyako avipeleke kwa mama yako, nilimpa vyote, isipokuwa likembe. Nilijiambia nitalipeleka mwenyewe Kindu kwa mkono wangu. Nikawa natembea nalo ndani ya shati upande uleule uliokuwa unaliweka wewe. Sikulipiga. Ningelipigaje, na ulimi wa kati haupo? Kila wimbo uliokuwa unaupiga ulipitia pale katikati.

Nililifahamu sanduku lile kuliko mkoba wangu mwenyewe. Ule mti mwepesi uliouchonga kule kwenu, ndimi ulizozitoa kwenye mwavuli uliotupwa nyuma ya misheni, tundu la mgongoni ulilokuwa unaliziba na kulifungua kwa kidole cha kati, sauti ikawa inajaa na kupungua kama mtu anayetaka kusema halafu anasita. Mimi nilipojaribu ulininyang'anya. "We iko na haraka sana, Amisi. Sikiliza kwanza." Uliniambia hivyo kwenye likembe, uliniambia hivyo kwenye foleni ya chakula, uliniambia hivyo hata nilipotaka kuoa. Na mimi nikikujibu ulikuwa unaanza kuimba ili usinisikie. Sasa huwezi kunipiga, kwa hiyo nitasema: ulikuwa unaimba vibaya. Vidole vya malaika, koo la bata. Kambi nzima ilijua.

Bon. Juzi, baada ya mvua ya mchana, lori lilituacha barabarani Rugerero. Wengine walibaki kulilinda. Mimi na Kaporali Mulamba tulipanda kilimani kutazama boma moja lililochomwa wiki iliyopita, kwa sababu kuna mtu alisema ameona kitu kinasogea pale. Unajua njia hizo zilivyo. Migomba huku, migomba kule, matone yanadondoka kutoka kwenye majani, na kila tone unadhani ni hatua ya mtu. Tulipita mahali ulipoangukia. Kaporali hakusimama, na mimi nikashukuru.

Lile boma lilikuwa limebaki kuta tu. Paa limeanguka ndani, ua wa nje umekuwa makaa, na harufu ile ya moshi ulionyeshewa ambayo haitoki nguoni. Tulijibanza nyuma ya lundo la mawe. Hapo ndipo nikauona, juu ya ukuta uliobomoka. Ncha ya upinde. Ulikuwa umesimama wima, unasogea polepole, mtu anaukaza uzi.

Kaporali aliinama sikioni kwangu. "Amisi. Uyu ni wako. Piga."

Niliegemeza bunduki juu ya jiwe. Yaya, sitakudanganya, nilifurahi. Nilihisi utamu mdomoni. Mtu akasogea kidogo, kichwa na bega vikatokea penye pengo la ukuta, na ubavuni nikaona mkono wake wa kulia unachukua kitu chembamba, kirefu, kimenyooka. Akakiinua hadi kwenye uzi. Kidole changu kilikuwa kimeanza kuvuta. Nikasema moyoni, hii hapa, Ramazani, pokea.

Na ule uzi ukalia.

Hakuuvuta. Aliupiga. Alikuwa ameshika fimbo, yaya, kijiti tu, akaupiga uzi, na sauti ikatoka nzito, ikajaa, ikapungua, ikajaa tena. Ya pili. Ya tatu. Na kwenye mkono huohuo kulikuwa na njuga ndogo iliyokuwa inajibu. Niliijua ile sauti kabla sijajua ni nini. Ni lile tundu lako la mgongoni, unaziba, unafungua. Ila kwake lilikuwa kibuyu, kimefungwa kwenye upinde, anakisogeza kifuani na kukiondoa. Hata wimbo sikuufahamu. Mwili wangu tu ndio uliofahamu, kidole kikafunguka chenyewe, na mate yakawa machungu.

"Unangoja nini?" Kaporali alinong'ona.

"Kaporali, ule ni wa muziki."

"Upinde ni upinde. Mi sitaki hadithi." Kisha akasema neno lililonitia baridi: "Na kama iko naita wenzake?"

Ngoma zilikatazwa kwa sababu hiyohiyo, na migomba ilikuwa imetuzunguka pande tatu. Huenda alikuwa anaita kweli. Ningejuaje? Kaporali aliweka bunduki yake begani, akafumba jicho moja, na anapofumba jicho hakosi. Hapo nikafanya ambalo hata sasa sijui nilipata wapi miguu ya kulifanya. Nilisimama. Nikatoka nyuma ya yale mawe nikaenda mbele, nikiwa katikati ya bunduki ya Kaporali na yule mtu.

"Weee Amisi! We iko mujinga? Toka mbele!"

Yule mtu alisikia, akageuka. Alikuwa mtu wa makamo, amevaa gunia begani kwa sababu ya mvua. Alituona, akaganda. Upinde mkono wa kushoto, fimbo mkono wa kulia, vivyo hivyo kama alivyokuwa, na ukimtazama kwa haraka ungesema anatulenga. Angesogeza mkono kwa kipimo cha unyayo mmoja, Kaporali angenizunguka na kumpiga. Nilimwona anafikiria kukimbia. Kinyarwanda chote nilichonacho kilinitoroka. Basi nikaiweka bunduki chini, kwenye tope, ndiyo, unaweza kunitukana, nikaingiza mkono ndani ya shati nikatoa likembe lako.

Nilipiga. Bila ulimi wa kati, wimbo ukawa unachechemea vibaya sana. Ule wako wa kurudi mtoni, ndio pekee ulionifundisha mpaka mwisho. Niliziba tundu, nikafungua, nikaziba. Aibu tupu. Lakini yule mtu alinitazama mikono, halafu akanitazama uso. Akashusha pumzi. Akaupiga uzi wake mara moja, polepole, pale penye pengo. Pale ambapo ulimi wako umekatika, yaya. Nilipofika tena hapo, akapiga tena. Mara ya tatu sikuwa na shaka tena. Alikuwa ananijazia.

Sijui tulipiga kwa muda gani. Najua Kaporali alikuja, akaniokotea bunduki na kuining'iniza begani mwake, akatugeuzia mgongo, akasimama akielekeza yake kwenye migomba. Shingo yake ilikuwa imekaza, anatazama majani kama anayasoma. Lakini mguu wake wa kulia ulikuwa unagonga tope, taratibu, kwa mapigo yetu, na nadhani yeye mwenyewe hakujua.

Hakuna mtu aliyetoka kwenye migomba.

Tuliponyamaza, yule mtu akasema kwa Kiswahili, "Afande, musinipige. Hii haiue mutu. Iko umuduri, ya kuimba." Aliitwa Munyaneza. Alijifunza Kiswahili bandarini Rubona, akibeba mizigo kwenye mashua. Mke wake na watoto wako misheni na wengine waliokimbia. Alipowasikia waliokuja kuchoma, aliwatoa watoto kwanza, halafu akauzika ule umuduri kwenye shamba la viazi na kukimbia. Siku hiyo tulipomkuta ndipo alipokuwa amerudi kuufukua. "Nilikuwa naogopa kibuyu imepasuka. Donc nilitaka tu kusikia kama ingali inalia." Sikumwuliza ni wa upande gani. Sikutaka kujua, na sitaki.

Kaporali aligeuka akautazama ule upinde kwa muda mrefu, kuanzia juu hadi chini. "Mi nimeona kibuyu," akasema. "Upinde sikuona. Lakini askari wa kesho ataona upinde." Munyaneza alielewa. Alifungua uzi, akauzungusha kwenye kibuyu, akakificha ndani ya gunia. Mti wenyewe akaenda nao kwenye kile kibanda alichokuwa ameanza kukisimamisha pembeni, akauchomeka kati ya fito za paa, akaufunga kwa kamba ya mgomba. Ukawa ufito kama nyingine. Ukipita pale leo huutambui.

Mimi nilikuwa ninatazama chini, kwenye majivu. Palikuwa na mwavuli. Kitambaa kimeungua chote, vimebaki vyuma vyake, vimetawanyika kama miguu ya buibui aliyekufa. Nikamwomba kimoja. Alishangaa, akasema chukua vyote, mwavuli bila nguo unazuia nini? Nilichukua kimoja.

Honi ya lori ilikuwa inapigwa kule chini, mara ya pili, na Kaporali anaguna. Lakini nilikaa hapohapo kwenye jiwe la kizingiti. Wewe ndiye uliyenifundisha kwamba chuma kilichopita motoni kinakuwa laini, hakilii, na kwamba dawa yake ni kukigonga kikiwa baridi hadi kikaze. Nilikikata kwa kukikunja huku na huku, nikakiweka juu ya jiwe, nikakigonga kwa jiwe jingine. Munyaneza alinishikia upande mmoja. Tukakisukuma chini ya kile chuma cha kukingama kinachobana ndimi zote, mahali pa ulimi uliokatika. Sauti ikawa juu mno. Nikakivuta. Ikashuka mno. Munyaneza akainamisha kichwa, akasema, "Buretse, ngoja, ongeza kidogo," nikasukuma kwa ukucha. Ikaingia. Yaya, ikaingia mahali pake, na hapo ndipo nilipolia. Nililia mbele ya Kaporali na mbele ya mtu nisiyemjua, kwa kwikwi, kamasi zinatoka. Kaporali alisema tope limemwingia machoni yeye pia. Kwenye kile kilima hakukuwa na tope la kuruka.

Njiani kurudi kwenye lori hakunitukana. Alinirudishia bunduki, akasema tu, "Uliapa, Amisi." Nikasema, "Niliapa."

Sasa umesikia. Kama una hasira nami, kuwa nayo. Mimi pia ninayo bado, usidhani imekwisha. Yule aliyekupiga mshale yuko mahali fulani kwenye vilima hivi, anakula, analala, na nikiwaza hivyo nashindwa kumeza chakula. Sijamsamehe. Lakini naye Munyaneza angeanguka vilevile ulivyoanguka wewe, kifudifudi, juu ya kitu chake cha kuimbia, na ningemgeuza, na ningekiona kile kibuyu. Ningeishi vipi na hicho kibuyu, yaya? Niambie. Ningekuwa nimekulipia nini? Ungekuwa wa kwanza kunisema, na ungesema maneno yaleyale ya haraka na kusikiliza.

Wanasema kikosi chetu kitarudishwa Kongo. Nimeomba ruhusa ya kupitia Kindu. Jambo ninaloliogopa si safari. Naogopa swali la mama yako. Kabla hajanipa maji ataniuliza, "Aliyemuua mutoto yangu, ulimuona?" Nami nitamwambia ukweli kwamba sikumwona. Huenda atanitazama kama mtu ambaye hakufanya kazi yake, na nitalazimika kukaa hapo kwenye mkeka wake nikitazamwa.

Lakini hili nakuahidi, na hili nitalitimiza. Sitamtetea mtu, wala sitaanza kujieleza kuhusu amri na migomba na mimi nilifanya nini. Nitampa likembe mkononi. Atapapasa ndimi zako zote kama anavyozijua, atafika kwenye ule wa kati, ataona ni mweusi na una alama za jiwe, si wako. Atainua macho aniulize umetoka wapi. Hapo, mimi mwenye haraka, nitanyamaza. Nitaupiga mara moja tu, nimwache asikilize kwanza.

Fundi cherehani amesema atakupalilia kaburi nikishaondoka. Pumzika, yaya. Sitakuimbia, mmoja wetu aliyekuwa anaimba vibaya alitosha.

Mdogo wako,
Amisi